Stempu ya Duma

Gedion hakuwa mwizi. Mwizi huchukua kitu chako ukiwa umelala. Gedion alichukua ukiwa macho, na ukimshukuru.

Alhamisi hiyo alikuwa akipita posta ya Kitui bila nia yoyote mbaya, akiwaza mbuzi. Jumamosi alitarajiwa Kikima, kwa kina Wavinya, na mbuzi watatu wa ntheo, wale wa kufungulia uchumba. Bila watatu, lango halifunguliwi. Wawili walikuwa tayari. Pesa za wa tatu zilikuwa mfukoni, elfu sita, yaani mbuzi mzima ukiondoa miguu ya nyuma. Na hakuna mbuzi aliyewahi kufika Kikima kwa miguu ya mbele pekee.

Hapo ndipo alipoona vijana kumi na wawili, kila mmoja na bahasha ya kaki, wamelizunguka sanduku la barua kama kuku waliokutana na kinyonga. Shirika moja la maji lilitaka wasoma mita wanne, na maombi yalipokelewa kwa posta tu. Kizazi hiki kilizaliwa na simu mkononi.

"Sasa hii inatumwa aje?" mmoja aliuliza.

"Unabandika stempu."

"Gani?"

Mungu akikufungulia mlango, kusimama nje ni kumkosea adabu. Gedion aliingia ndani akamwomba Fahima, karani wa kaunta, stempu za bei ya chini kabisa, zile za kuongezea, zenye picha za wanyama.

"Unawaandikia nani wote hao?" Fahima aliuliza.

"Marafiki, dada."

"Basi umebarikiwa."

Nje, Gedion alipanda juu ya jiwe.

"Vijana, msicheze na kazi zenu. Barua hutembea kulingana na mnyama. Huyu ni kobe. Hamsini tu, lakini usije kunililia Krismasi. Kanga ni mia moja, anaruka, ila anapenda kutua. Na huyu ni duma."

"Duma ni ngapi?"

"Mia mbili."

Kitonga, kijana wa Tawa aliyevaa tai ya harusi ya kaka yake, alinunua duma wawili ili washindane. Msichana mmoja aliyenunua kanga alitaka kujua kama hao duma hawatamla kanga wake njiani. Gedion alimweleza kwa upole kwamba ndiyo maana barua huwekwa kwenye mifuko tofauti. Kisha akawaagiza waanike bahasha kwenye nyasi, juu yake mawe, mpaka gundi ikauke, mnyama asije akadondoka Machakos.

Miguu ya nyuma ikapatikana. Hata na mkia.

Kumbe kwenye ukingo wa mtaro alikuwa ameketi Katunge, mama mzee wa Kanyangi, aliyemsindikiza mjukuu wake Ndila kutuma ombi kama hao wengine. Ndila alitaka kanga, Katunge akamshika mkono, wakasikiliza kwanza. Sasa bibi alisimama, akatoa mkobani furushi lililofungwa kwa uzi.

"Mwanangu, nisaidie. Marehemu mzee wangu alifanya kazi posta, akaniachia hizi. Naona ni ndovu. Ndovu na duma, nani mkubwa?"

Vijana wote wakamgeukia Gedion. Angesema picha si kitu, mahubiri yake yote yangeanguka mbele ya waumini.

"Ndovu, susu," alisema. Ndivyo Wakamba humwita nyanya. "Lakini mbio—"

"Anaweza kumkanyaga duma?" Kitonga aliuliza kwa wasiwasi.

"Anaweza," Gedion alikiri. "Ndovu ni mia tatu."

"Ziko mia nane," Katunge alisema. "Mimi mzee sijui kuuza. Nipe elfu nane uchukue zote, ama nimwuzie huyu mwenye tai."

Kitonga alikuwa tayari anapapasa mifuko. Gedion alipiga hesabu haraka. Mia nane mara mia tatu: huyo si mbuzi tena, ni zizi, na mchungaji wake. Leo Kitui, kesho Mwingi, Jumamosi Kikima akiwa ameinua kidevu.

"Nina saba na mia sita, susu."

"Lete tu. Na hiyo hamsini unayoificha."

Katunge alizihesabu mara mbili, akampa Ndila noti moja, na Ndila akaingia posta. Kisha kwa sauti ileile ya upole akauliza:

"Sasa nieleze, mwanangu. Hii namba ya pembeni ni ya nini?"

"Namba gani?"

"Hii. Senti themanini. Ya duma naona ni shilingi kumi. Mzee wangu alikuwa akisema barua haijui mnyama, inajua namba. Lakini yeye alikuwa mtu wa zamani."

Migongo kumi na miwili iliinama kwenye nyasi. Ndila akatoka na bahasha yenye stempu moja tu, picha ya jengo lisilo na mbio zozote.

"Ni shilingi sitini," aliwaambia. "Nimeuliza kaunta." Akaitumbukiza sandukuni, akamshika bibi yake mkono, wakaenda zao.

"Rudisha pesa," Kitonga alisema, ameshika kola ya Gedion.

"Pesa imeondoka na susu."

Fahima alichungulia dirishani. Mfuko wa barua ulikuwa unafungwa saa kumi, alisema, na hao ndovu bado walikuwa halali, mradi kila bahasha ifikishe sitini.

Kitonga alibonyeza simu. "Kila duma anahitaji ndovu sitini na watatu." Akamkalisha Gedion chini. "Lamba."

"Nisaidieni basi."

"Mtaalamu wa wanyama ni wewe."

Gedion alilamba. Mbele pakajaa, akageuza nyuma. Kwenye bahasha ya saba, ulimi ukiwa mzito kama ngozi ya ngoma, simu yake iliita. Kitonga alimshikia sikioni.

"Gedion," alisema Wavinya, "baba anauliza kama mbuzi wa tatu amepatikana."

"Mpenzi, kwa sasa nina ndovu."

Kwa mbali sauti nzito ya mwanamume ilinong'ona kitu.

"Baba anauliza ni wangapi."

Gedion aliangalia furushi.

"Mwambie wanapungua," alisema, akalamba mwingine.