Vilivyomo na Vilivyopo

Jumatatu, 3 Machi
Nimeamka na akili mpya! Mwezi uliopita nilimuuzia Mama Cherehani, fundi nguo, nusu ya kiwanja changu. Upande wa nyuma, wenye mparachichi. Tangu siku hiyo nakula mkate mkavu huku nikiutazama mti kupitia wavu wa dirisha. Roho inaniuma. Lakini leo, nikipiga mswaki, nimekumbuka nilichotamka mbele ya shahidi: "Nakuuzia kiwanja na vyote vilivyomo." Vilivyomo! Yaani vya ndani. Mti hauko ndani ya ardhi, uko juu yake. Ningetaka kuuza mti ningesema vilivyopo. Nimemweleza mke wangu. Akaniuliza kama nina homa.

Jumanne, 4 Machi
Nimekwenda kwa kinyozi, maana shahidi alikuwa yeye. Nilimuuliza alipofika katikati ya kichwa. Akakiri kwamba ndiyo, alisikia vilivyomo kwa masikio yake. Ila alizima mashine ili akumbuke vizuri, na alipotaka kuiwasha umeme ukawa umekatika. Nimerudi nyumbani na nusu ya nywele. Si kitu. Ushahidi ninao, na kofia ninayo.

Jumatano, 5 Machi
Nimemkabili Mama Cherehani. Alikuwa amebana pini mdomoni, kwa hiyo nilizungumza peke yangu, tena kwa raha. Nikamwachia mizizi yote kwa sababu imo. Mimi si mchoyo. Shina, matawi na matunda ni vyangu. Akatoa pini moja moja, akazichomeka kwenye kimto, akasema sawa shemeji, mti ni wako. Sawa! Hivyo tu! Nimekula maparachichi mawili kwa chumvi. Mke wangu amekataa hata kuonja, eti ya dhuluma hayapiti kooni. Kwangu yamepita vizuri.

Ijumaa, 7 Machi
Kumbe mwenye mti ana kazi. Mama Cherehani amebisha hodi asubuhi na mapema: majani yangu yamejaa uani kwake. Nikafagia. Mchana parachichi langu, bivu kabisa, likaangukia shuka jeupe la mteja wake lililoanikwa. Nikafua. Mke wangu alinipa sabuni, akacheka mpaka akakaa chini.

Jumamosi, 8 Machi
Balaa! Mafundi wamekuja kupima msingi wa chumba kipya cha kushonea. Kamba imepita palepale penye mti. Mama Cherehani akaniita, akaniambia kwa upole, "Shemeji, ardhi yangu, mti wako. Uhamishe basi." Fundi mmoja akaninyooshea shoka.

Nikalikumbatia shina. Mti ule niliupanda kwa mkono wangu. Nikasema upesi kwamba mti una mizizi, mizizi imo, na mti bila mizizi ni kuni. Kwa hiyo mti wote umo. Niliuuza!

Kinyozi akaitwa ashuhudie. Akaniuliza, "Umo au upo?"

"Umo," nikasema. "Umo kabisa."

Mama Cherehani akawaambia mafundi warudishe kamba upande wa pili, kumbe ndiko chumba kilikokuwa kimepangwa tangu mwanzo. Nilitaka kukasirika, nikashindwa. Mti umesimama. Kinyozi naye amenimalizia nywele bure.

Jumapili, 9 Machi
Maisha matamu! Mama Cherehani ameleta ndoo nzima ya maparachichi. Anasema ningeomba tu, angenipa tangu siku ya kwanza. Mke wangu amekula matatu bila kutaja dhuluma. Nimeapa mbele yake kwamba heri kuomba kuliko kudai, na majirani hawagombani kwa maneno. Akanimiminia chai kikombe cha pili.

Jioni, kupitia dirishani, nimeona kundi la nyuki likiingia kwenye tundu la shina. Wamo, sikatai. Lakini wamefika leo, na mimi niliuza mwezi uliopita. Sikuuza nyuki! Nimeshaosha ndoo. Kesho naenda kumweleza.