Cheti cha Chapati ya Mchina

Siku Oduol alipowaona wakulima wa Nyarero wakikata majani ya vitunguu na kuwarushia mbuzi, roho ilimuuma. Ilimuuma kama inavyowauma matapeli wote: mali inapotea, na si yeye aliyeipoteza. Akasimamisha pikipiki, akaomba mzigo mmoja. Walimpa bure, tena wakamshukuru kwa kuwaondolea uchafu shambani.

Oduol alikuwa mtu wa suti moja na simu yenye kioo kilichopasuka. Kazi yake ilikuwa uajenti. Ajenti wa nini, ilitegemea amelala mji gani. Tarime alikuwa ajenti wa mbegu bora za mahindi, mpaka mahindi yalipogoma kuota. Sirari alikuwa ajenti wa ajira za Ulaya, na wateja wake hawakufika hata Migori. Kitu pekee alichokimiliki kihalali hapa duniani ni ile pikipiki, na ndiyo iliyomwokoa mara zote mbili. Alijua vizuri kwamba siku atakayobaki kwa miguu, watu wa Tarime watamfikia, na hawatakuja kusalimia.

Safari hii aliingia Nyamongo. Dhahabu ilikuwa imewapanda watu kichwani. Walimu walitupa chaki wakashika sururu, na chini ya kila kitanda palikuwa na viroba vya mawe vinavyosubiri zamu ya karasha, ile mashine ya kusagia. Mama lishe hawakulipwa fedha. Sahani ya ugali ililipwa kwa bakuli la mawe. Ukisaga ukaona dhahabu, umshukuru Mungu. Usipoona, ujue umemlisha mwanamume wa watu bure.

Wachina nao walikuwepo, kambi nzima ya mafundi wa mitambo upande wa pili wa mto. Oduol hakuwahi kuzungumza na hata mmoja wao, jambo ambalo halikumzuia kuwa msemaji wao.

"Akina mama, shikamooni," alianza, amesimama chini ya turubai la mama lishe sita. "Wachina wamechoka na ugali. Wanataka chapati ya kwao, mia nne kila siku, saa sita kamili ziwe mezani, moto! Tenda yenyewe hii hapa." Akapiga mfuko wa koti. Mfukoni mlikuwa na kitana. "Ila Mchina hali chapati ya mtu asiye na cheti. Kozi ni siku moja. Ada, kiroba kimoja cha mawe."

"Na hayo majani?" aliuliza Mama Mokami, Mkurya mwenye mikono mipana aliyekuwa amepika chapati miaka ishirini.

"Haya yanaitwa sungi-sungi, mama. Yametoka Uchina kwa ndege."

Mama Mokami alishika jani moja, akalinusa. Alizaliwa Nyarero na kulelewa katikati ya vitunguu. "Yamesafiri vizuri," alisema. "Hata umande haujakauka."

Oduol akadhani amesifiwa. Tuseme ukweli: mtu anayeishi kwa ujinga wa wenzake huwa hana muda wa kuuchunguza wa kwake.

Wanne waliahidi kulipa ada kesho, na Nyamongo kesho ni siku isiyofika. Mama Mokami alisema atalipa akishapata cheti. Aliyelipa papo hapo ni Tabitha, mjane mdogo mwenye watoto watatu. Alileta kiroba kimoja alichoachiwa na marehemu mumewe, amekikumbatia kifuani. Oduol alikipokea bila kupepesa macho. Mama Mokami alimtazama akikipokea, na tangu hapo hakumwita tena baba wala kijana. Alimwita mwalimu.

Mwalimu alifundisha kwa kuchungulia video kwenye simu. Unga wa ngano ukandwe kwa maji yanayochemka, si ya baridi. Uachwe upumzike. Usukumwe mwembamba, upakwe mafuta, unyunyiziwe chumvi na sungi-sungi, ukunjwe kama mkeka, kisha uzungushwe kama ngata ya kubebea maji. Usukumwe tena, ukaangwe kwa mafuta mpaka uwe wa kahawia, na mwisho uchapwe makofi pembeni ili matabaka yaachane.

"Kumbe ni chapati yetu ya kukunja," alisema Tabitha kwa huzuni.

"Si yenu!" Oduol alifoka. "Yenu ina majani?"

Ila ilipotoka kikaangoni, kila mkono chini ya turubai ulinyooshwa. Ilikuwa inavunjika kwa sauti, na ule ukali wa kitunguu ulipenya mpaka puani. Oduol mwenyewe alikula tatu, akashangaa kuona kwamba uongo wake ulikuwa na ladha.

Wengine walipoondoka na vyeti vyao, Mama Mokami alibaki akikanda.

"Mwalimu, mimi nina viroba saba," alisema. "Wachimbaji wamekula kwangu miezi mitatu. Ila sijui kama ni mawe ya maana."

Masikio ya Oduol yalisimama. "Tupime, mama. Nisije nikakudhulumu."

Alichagua jiwe yeye mwenyewe, kutoka kiroba cha chini kabisa, kwa maana yeye si wa kuchezewa. Mama Mokami alilitwanga kwenye kinu cha chuma, akamimina vumbi ndani ya karai la maji, akaanza kuchezesha. Mikono yake ilikuwa na unga mbichi mpaka kwenye kucha. Hata kunawa hajui, Oduol aliwaza, akageuza uso kwa kinyaa. Alipourudisha, chini ya karai zilikuwa zinameta punje tatu.

"Mungu wangu," alisema Mama Mokami. Akaziokota, akazifunga kwenye pindo la khanga.

Saba! Oduol akaweka mkono juu ya viroba. "Nitavinunua vyote."

"Fedha ya nini? Tatizo langu ni hao Wachina wako. Umesema saa sita kamili, ziwe moto. Kwa miguu nitafika saa nane, zimepoa, na tenda imekwenda. Nipe pikipiki. Mokami wangu anajua kuendesha."

Hapo Oduol alibanwa. Aseme hakuna tenda? Angesemaje? Alitazama pikipiki, akatazama viroba. Moyo ulimwambia panda ukimbie, tumbo likamwambia saba.

"Na kile cha Tabitha ukirudishe," aliongeza Mama Mokami. "Ada yake imo humu."

"Chukua tu, mama," alisema Oduol, na moyoni akacheka. Kimoja kwa saba! Akamkabidhi na kadi ya pikipiki.

Asubuhi alikodi mkokoteni. Waitara, mwenye karasha, alifungua kiroba cha kwanza, akafungua cha pili, akakataa kuwasha mashine.

"Omera, haya ni magwangala. Mawe yaliyotupwa. Kwa Mama Mokami hupangwa kuzuia turubai lisipeperuke."

"Lakini tulipima! Niliona kwa macho!"

"Alipochezesha karai, mikono yake ilikuwa safi?"

"Ilikuwa na unga."

Waitara alikaa chini ili acheke vizuri. "Na ndani ya unga, kwenye kucha, kulifichwa nini?"

Kushtaki hakukuwezekana: Oduol angeulizwa pikipiki ilitolewa kwa tenda ipi. Siku ya tatu alisikia kwamba kiroba cha Tabitha kimesagwa na kimetoa dhahabu ya kujengea nyumba ya bati. Siku ya nne alisikia jambo baya zaidi: watu wa Tarime walikuwa stendi, wakiuliza habari za ajenti mmoja mwenye suti.

Njaa ilimsukuma mpaka kwenye turubai, kiroba kimoja begani, labda atapatikana mjinga. Foleni ilifika barabarani. Pikipiki yake ilikuwa pale, imefungwa kreti la chapati nyuma, imeoshwa kuliko alivyowahi kuiosha. Akajipenyeza mbele.

"Panga foleni, mzee," ilisema sauti nyuma yake, kwa Kiswahili safi. Alikuwa Mchina, bakuli mkononi.

Oduol alipanga foleni. Zamu yake ilipofika, alitua kiroba mezani.

"Shikamoo, mama. Chapati moja tu."

"Marahaba, mwalimu." Mama Mokami alikitambua kiroba, akakisukuma taratibu kwa mkono wenye unga. "Mawe sipokei siku hizi. Nilikuwa na viroba saba, vikanisumbua sana, mpaka Mungu akaniletea msomi."