Nimemliza Daktari wa Watu

Jamani, mwenzenu leo nimeumbuka.

Mnajua kazi yangu. Natafsiri filamu kwa maiki kwenye banda la video hapa Tabora mjini. (Kutafsiri ni neno la heshima tu. Lugha zenyewe sizijui, natazama midomo na kubuni.) Wanaume nawapa maneno mazito. Wanawake wote nawapa sauti moja nyembamba, na kazi zao ni mbili: kulia au kusaliti. Wateja wanapenda.

Asubuhi Adela, mchumba wangu, kanitumia ujumbe: "Mama katoka Ulyankulu, yuko mjini. Anakupeleleza kabla ya posa. Kuwa makini." Huyo mama sijawahi kumwona. Nikapiga pasi shati, nikawaomba majirani wanisifie, na kila mwanamke aliyepita nikampa shikamoo, hata muuza karanga niliyemzidi umri.

Saa kumi nikaweka filamu ya Kifaransa. Dada mmoja kasimama mbele ya mumewe, anaongea taratibu. Nikabana pua: "Mume wangu, usiniache, nitakufa mie. Nipige, lakini usiniache." Banda zima likacheka.

Sauti ikatoka benchi la nyuma. "Kijana, huyo halii."

"Analia kwa ndani, mama," nikajibu. (Mdomo huu.)

"Ni daktari. Anamwambia mumewe: nimeshajua wewe ndiye unayemtilia mama yangu sumu. Polisi wako mlangoni."

Nikafungua mdomo kubisha. Kwenye filamu mlango ukafunguliwa, polisi wakaingia, mume akafungwa pingu. Watu wote wakageuka kunitazama mimi.

"Kifaransa umekijulia wapi, mama?"

"Baba alitufundisha. Alikuwa mwalimu Burundi, kabla hatujakimbilia Ulyankulu."

Ulyankulu. Nikatoa shikamoo, na spika ikaifikisha hadi barabarani.

"Marahaba. Wewe ndiye Kulwa?"

Nilitamani kukana. "Ndiye mimi, mama."

Akajifunga kitenge vizuri, akaja hadi mbele. Nikajua posa imekufa.

"Jumamosi leteni barua yenu," akasema polepole. "Binti yangu ataongea mwenyewe. Wewe usimtafsirie."

Akaondoka. Msinicheke, nawaomba. Nina miaka miwili na Adela, na leo ndiyo nimeanza kuogopa: sijui siku zote hizo alikuwa ananiambia nini.