Kesi ya Marehemu wa Gatete

Jumatatu, 4 Novemba
Mzee Faridi amefariki! Inna lillahi. (Nilitamka hilo kwanza, ndipo nikacheka.) Tumegombania parseli, shamba la michikichi, kule Gatete mpaka mvi zikatuota. Korti ilimpa yeye, nikakata rufaa, na sasa mpinzani hayupo. Nani atanijibu? Kaburi? Mke wangu Mwanvua kaniambia nione haya. Nimeona, kidogo. Kisha nikaenda Gatete kuchagua pa kuchimba choo.

Jumanne, 5 Novemba
Mazishi. Nilijipanga mstari wa mbele, watu waone moyo wangu ulivyo mweupe. Shehe akauliza, kama ilivyo desturi, nani ana dai au kinyongo na marehemu, ajitokeze ama amsamehe. Wengine wakanong'ona kwamba wamesamehe. Mimi nikapaza sauti: nimemsamehe yote, duniani na akhera! Nikalia mpaka kamasi. Mjane, Mama Kadidja, alinitazama sana. Nadhani aliguswa.

Jumatano, 6 Novemba
Nimekwenda korti kuchukua ushindi wangu. Grefiye, yaani karani wa korti, Madamu Speciosa, amecheka mpaka akavua miwani. Eti mtu hufa, kesi haifi! Inasimama tu, inangoja warithi waingie mahali pa marehemu. Ni nani hao? Mjane na watoto tisa. Tisa! Nilikuwa na adui mmoja mwenye pumu. Sasa ninao kumi wazima, na mmoja anacheza karate.

Alhamisi, 7 Novemba
Kwa Mama Kadidja, na kapu la samaki wa ndagala. Hila yangu: awashawishi wanawe waniachie parseli kimyakimya. Kapu akalipokea kwa mikono miwili. Kisha, kwa upole: "Shemeji, kesi iko wapi tena? Si ulisamehe yote? Musikiti muzima ulisikia." Nikamwambia nilisamehe matusi, si ardhi. Akaniuliza "yote" yangu inaishia kwenye mchikichi upi. Nikaaga. Kapu halikurudi.

Ijumaa, 8 Novemba
Balaa! Shehe kanitaja kwenye hotuba, mfano wa ukarimu. Watu wakanikumbatia. Hamidou, shahidi wangu wa pekee, kajitoa: hawezi kuapa juu ya kitu nilichokiachia mbele ya Mungu. Madamu Speciosa anasema sheria haijui misamaha ya makaburini, naweza kuendelea. Bila shahidi? Pale Gatete ndipo nilipomwahidi Mwanvua nyumba isiyovuja. Leo nimelia kweli, na hakuna aliyeniona.

Jumapili, 10 Novemba
Nimepata! Tangu asubuhi niko kitandani, mahututi. (Sina hata mafua.) Mgonjwa wa kufa huombana radhi na watu. Warithi watakuja, watasema wamenisamehe yote, na ndani ya yote mna ardhi. Nimemtuma Mwanvua awaite.
Amerudi. Wanakuja wote kumi, na sanda wameshanunua. Mama Kadidja anauliza kama nina urefu wa kawaida.
Mwanvua kakaa ukingoni mwa kitanda, kakunja uso. Anataka kujua, nikifa, yeye ndiye ataburutwa kortini kwa ajili ya parseli hiyo? Masikini, wanawake na sheria! Nimempapasa mkono, nikamtuliza asiogope kitu: siku nitakayokufa mimi, na kesi imekwisha.