Vipele vya Kumwona Nesi Judith

Jumatatu, 2 Septemba

Nimeamua. Kuanzia kesho naumwa.

Sababu ni Nesi Judith, aliyeletwa zahanati yetu mwezi uliopita kutoka kwao Basotu. Ana mwanya, ana sauti ya chini, na hacheki ovyo. Kila nikipishana naye njiani namwuliza habari za kazi, ananijibu nzuri. Mazungumzo yetu huishia hapo. Abel wa bodaboda, mtu asiye na lolote zaidi ya pikipiki, ndiye anayemletea chanjo kutoka mjini, na leo nimemwona amejiachia kwenye benchi la zahanati anakunywa chai. Kikombe cha nesi mwenyewe! Mimi huku nakata mikia ya vitunguu swaumu na mama, nanuka kama mchuzi.

Mtu mzima wa afya hana njia ya kukaa na nesi. Mgonjwa anayo. Homa haifai, wana kipimajoto. Tumbo lina maswali ya aibu. Nimebaki na vipele. Kipele hakipimwi, na ni lazima akishike. Nimeangalia picha kwenye simu mpaka chaji imeisha.

Nilianza kwa kujipaka maji ya swaumu shingoni. Mama akanipokonya. Anasema alishawahi kumfunga mjomba Qamara swaumu ya kutwanga kwenye goti, na asubuhi kitambaa kikatoka na ngozi. Basi, swaumu hapana. Nimeelewa.

Jumanne, 3 Septemba

Nimetumia upupu wa korongoni. Nimejigusisha mkononi mara moja tu, nikaruka kama ndama. Mabaka mekundu, yamevimba, yanawasha, sawasawa na picha ya mzio kwenye simu. Nikaenda zahanati nimefunika mkono kwa koti nisiuharibu.

Foleni. Mbele yangu akina mama wa kliniki, kisha bibi mmoja aliyemweleza nesi habari za ukoo wake wote. Zamu yangu ilipofika nikakunja mkono wa shati polepole, kwa madaha. Mkono safi! Hata doa hakuna.

Nesi akaugeuza juu na chini. Akaniambia ndivyo yalivyo mabaka ya upupu na ya mzio, huvimba haraka na mara nyingi huyeyuka kabla hujamwonyesha mtu. Ila siku nikivimba midomo au pumzi ikibana, nisikae foleni, niingie moja kwa moja. Hayo ya mwisho nimeyachukua kama mwaliko.

Jumatano, 4 Septemba

Leo choa. Choa haiyeyuki. Ni duara jekundu, na duara ninalo: kizibo cha soda. Nimekipasha moto kidogo, nikakikandamiza begani. Nilipiga kelele, mama akauliza kuna nini, nikasema naimba.

Nesi alisogea mpaka nikasikia harufu ya sabuni yake. Akaangalia kwa muda. Akasema choa huanza padogo ikatanuka taratibu kwa wiki kadhaa, ukingo wake una magamba, katikati panaanza kupona. Hii yangu imezaliwa leo, na ina meno kuzunguka pande zote. Akanipaka dawa ya kuungua.

Abel alikuwa mlangoni na kisanduku cha chanjo. Akaniuliza ilikuwa soda ya ladha gani. Lakini nesi ameshika bega langu, na hilo Abel hawezi kulifuta.

Alhamisi, 5 Septemba

Upele. Hapa sikukosea kitu. Nimejikwaruza kwa mwiba katikati ya vidole na kiunoni. Nikasema unawasha zaidi nikishapanda kitandani, maana ndivyo upele ulivyo. Nesi akaniamini, akaniuliza kama nyumbani kuna mwingine anayejikuna. Ili kuongeza uzito nikamtaja mama.

Nisingemtaja mama.

Kumbe upele hutibiwa nyumba nzima. Nimepewa chupa ya dawa ya kupaka kuanzia shingoni mpaka vidole vya miguu, watu wote siku moja, na mashuka, mablanketi na nguo zote zichemshwe na kuanikwa. Nesi akamtuma Abel atangulie kumwambia mama. Abel akatangaza akiwa barabarani, juu ya pikipiki, injini inanguruma. Sasa mablanketi yanachuruzika kwenye uzio na baridi ya huku kwetu inajulikana. Tutalala chini ya magunia ya swaumu. Mama anasema hajawahi kuugua upele tangu azaliwe na hataki kuniona usoni. Nimemwamkia Mzee Hhando, jirani yetu, akaitikia marahaba akiwa ng'ambo ya mfereji, mikono nyuma.

Ijumaa, 6 Septemba

Leo sikupanga chochote.

Hilda, binti wa dada yangu Lucia, yuko kwetu kwa sababu mama yake yupo Dongobesh anauza swaumu. Alikuwa na homa na mafua siku kadhaa, tukasema ni baridi. Leo asubuhi ametoka vipele vyekundu nyuma ya masikio na kwenye paji la uso, vinashuka shingoni. Mama kwanza akasema ni upele wangu. Halafu akasema joto la magunia. Halafu akamwangalia vizuri, akasema ni surua. Na surua, kwa mama, haipelekwi zahanati. Ikichomwa sindano inarudi ndani na mtoto anakwenda. Afunikwe, dirisha lifungwe, iachwe itoke yote. Lucia kwenye simu alikuwa analia na kumwitikia mama.

Mimi surua ninaijua. Niliisoma Jumatatu nikaiacha, kwa sababu haiigiziki. Unahitaji homa na kikohozi kabla ya vipele, na macho mekundu yanayotoa machozi. Vipele vyenyewe vinaanzia usoni na kushuka. Nikamwomba Hilda afungue mdomo, nikamulika kwa simu. Ndani ya mashavu kulikuwa na vidoa vyeupe kama punje za chumvi. Kila nilichoshindwa kuigiza kilikuwa kwenye mwili wa mtoto huyu. Niliogopa sana.

Nikamwambia mama lazima Hilda aende zahanati. Akasema mtu wa choa ya kizibo hamfundishi yeye kulea. Nikachukua kanga yake, nikamfunga Hilda mgongoni na kutoka naye. Njiani akakohoa mpaka nikamhisi akitetemeka. Abel akatokea na pikipiki. Nilimpungia mkono mimi mwenyewe. Akatupakia, hakucheka, hakuuliza hata habari ya kanga.

Kwenye benchi walikuwepo watoto wachanga. Surua inaruka upesi, kwa hiyo sikuingia. Nikazunguka nyuma, nikamwita nesi dirishani. Akatoka mbio. Akasikiliza kifua, akaangalia macho na mdomo, akasema ni surua kweli. Akampa matone ya vitamini A. Sindano hakuna. Anywe maji na uji kwa wingi, arudishwe kesho, na akianza kupumua haraka aletwe hata kabla ya hapo. Kifua bado kiko safi, akasema, lakini angefungiwa ndani tu pasipo mtu kukiangalia, mambo yangeweza kuwa mengine. Akaniambia nimefanya vyema, na zaidi kwa kutokuingia.

Nilikuwa naye peke yangu, hatimaye, nyuma ya zahanati. Sikukumbuka neno hata moja kati ya yale niliyoyaandaa.

Jumapili, 8 Septemba

Hilda ameomba soda. Mama amelia kidogo, akaniwekea paja la kuku bila kuniangalia.

Mchana nesi amekuja kwetu kwa miguu yake. Amekunywa chai yetu! Kesho wanaanza kupita nyumba kwa nyumba kutafuta watoto wenye surua na waliokosa chanjo. Anahitaji mtu wa kufuatana naye anayeweza kutofautisha surua na vipele vya joto, upele au upupu. Akasema katika kata hii hajaona mtu aliyeugua vipele vingi kama mimi kwa wiki moja. Akacheka. Mwanya ukaonekana wote. Wiki nzima nitembee naye, mimi!

Ila Abel atakuwepo, kubeba kisanduku. Watu watatu hawazungumzi kama wawili. Ningekuwa na kitu kidogo tu shingoni, angekiangalia asubuhi kabla hatujatoka, tukiwa wawili. Mama alionya kuhusu goti. Shingo si goti. Nimetwanga punje mbili za swaumu.

Jumatatu, 9 Septemba

Shingo inawaka. Imekuwa nyekundu, ina malengelenge, kama kuku aliyenyonyolewa.

Nesi alinusa kabla sijafika mlangoni. Akasema hii ni swaumu, imeunguza ngozi, nisitumbue malengelenge, nioshe kwa maji safi, itapona. Nikasema basi twende. Akanijibu taratibu kwamba yeye anajua ni swaumu, lakini mama wa watu hajui, na hakuna atakayemfungulia mlango mwanamume mwenye shingo ile anayekuja kumweleza habari za surua. Hakunikaripia. Ningefurahi angenikaripia.

Wameondoka kwa pikipiki. Amempa Abel nafasi yangu, atamfundisha njiani. Mkono wake ulikuwa begani kwa Abel. Nimekaa kwenye benchi na kikombe kitupu mpaka mfagiaji akaniomba ninyanyue miguu.

Alhamisi, 12 Septemba

Habari kubwa! Abel ameshindwa. Vipele vya joto ameviita surua katika nyumba tatu, kitongoji kizima kimefunga madirisha, na mtoto aliyeumwa na mbu ametengwa na nduguze siku nzima. Nesi ametuma ujumbe kwenye simu yangu. Anaomba nirudi kesho asubuhi, kwa sharti moja, shingo iwe safi. Ameandika kwamba ananitegemea. Nimeusoma kwa sauti mbele ya mama, akaniambia nikalale mapema na nisijiguse.

Shingo imepona karibu yote. Limebaki doa moja jekundu upande wa kushoto, dogo, lakini nesi ana jicho kali. Nimetafuta kwenye simu cha kuondoa doa kwa usiku mmoja. Wanasema swaumu.

Nimepaka kidogo tu na kufunga kitambaa. Upande wa kulia pia, zisipishane rangi. Inachoma, maana yake inafanya kazi. Kesho nitakuwa safi kabisa.