Kanga Tulizomtandikia Hemedi Uwanjani

Mashoga zangu, mwenzenu leo sina uso. Uso nimeuacha uwanjani, mbele ya kadamnasi, na kwenye ile skrini kubwa kama ukuta wa msikiti.

Naeleza mwenyewe kabla video haijawafikia. (Najua imeshawafikia. Rehema wa Columbus amenitumia vikatuni vya kicheko bila hata salamu. Rehema, nimekuona.)

Kwa wageni wa kundi hili: mwanangu Hemedi ni mchezaji wa kulipwa wa besiboli. Ni mrushaji, yule anayesimama juu ya kichuguu katikati ya uwanja na kumrushia mpira mtu mwenye gongo. Mkisikia mchezaji wa kulipwa Marekani, msikimbilie kuwaza majumba. Analala sebuleni kwangu hapa mtaa wa Iroquois, Louisville, miguu inatokeza nje ya kochi.

Alianzia Columbus. Columbus wakampeleka Buffalo. Buffalo wakamchoka, wakamrudisha Columbus. Columbus wakakumbuka kwamba wao ndio waliokuwa wa kwanza kumchoka, akarudi tena Buffalo, akapanga chumba mtaa wa East Side kwa familia ya Warundi waliomlisha maharage mpaka suruali zikambana. Mwishowe Louisville wakamchukua, nami nikashukuru, walau sasa yuko mji mmoja na sufuria zangu. Nina kofia za timu zote tatu. Kabla sijatoka nyumbani humuuliza kwanza, "Baba, leo sisi ni wa wapi?"

Na hizo zote ni timu za ligi ya chini ya ile ligi kubwa. Yaani uko mlangoni, harufu ya pilau unaisikia, sahani huioni. Mara moja tu aliitwa ligi kubwa. Akakaa kwenye benchi kama mgeni wa harusi asiyejulikana ni wa upande gani, wiki haijaisha wakamrudisha.

Basi leo asubuhi amekaa na kikombe cha chai, hanywi. Nikamuuliza, "Una nini?"

"Mama, leo ndiyo leo. Kocha ameniambia nikirusha vizuri nabaki. Nikiharibu, wananiacha."

"Wakikuacha si utakwenda Buffalo?"

"Buffalo hawanitaki tena. Columbus ndio kabisa. Nina miaka thelathini na mitatu, Mama. Nikiachwa hapa, basi."

Wallahi moyo uliniuma. Mtoto huyu tangu yuko shule hajui kingine ila kurusha. Na mie mama yake sijawahi hata siku moja kumuona akicheza, maana kazi yangu ya kuhudumia wazee haina Jumamosi wala Jumapili. Leo nikabadilishana zamu na Mfilipino mmoja, Mungu ambariki. Hemedi akanipa tiketi mbili.

(Mbili! Mtoto amesahau kwamba mama yake ni mwenyekiti wa kikundi cha kina mama.)

Nikapiga simu. Saa saba mchana tuko getini kina mama kumi na mmoja, sare tupu, kanga mpya doti kwa doti, zile zilizoandikwa HASIDI HANA SABABU. Na sambusa. Mlinzi akasema chakula cha nje hakiingii. Tukasema hakuna shida, tukasimama palepale tukala sambusa zote mbele yake, na mwisho yeye mwenyewe akala mbili.

Hemedi, baada ya kutuombea tiketi nyingine tisa, alitupatia viti vya mbele kabisa, vile vya familia za wachezaji, kando ya kibanda wanachokaa wenzake. Pembeni yetu kuna kigeti cha kuingilia uwanjani. Kishikeni hicho kigeti.

Sasa hapa ndipo ujuaji uliponiponza. Jirani yangu Mama Furaha, Mkongo wa Bukavu, mwanamke wa watu hana baya, akaniuliza, "Mama Hemedi, donc, huu muchezo unachezwaka namna gani?"

Mie siujui. Sijui hata unaanza wapi. Lakini mama mzazi wa mchezaji, nimevaa kofia, nimekaa kiti cha familia, nitasemaje siujui? Nikakohoa kidogo nikasema, "Tazama tu, nitakueleza."

Mchezo wenyewe unasimama kila mara. Ukisimama, wanaleta vituko ili watu wasilale. Mara watu waliovaa kama soseji wanashindana mbio. Mara babu anacheza dansi juu ya kibanda. Mara kuku mkubwa anarusha fulana. Wote hao wanapita kwenye kile kigeti chetu, kijana mwenye kifaa sikioni anawafungulia na kuwahimiza kwa mkono, haraka, haraka. Nikasema moyoni, hawa wana harusi yao humu ndani.

Hemedi akapanda kichuguu. Vigelegele! Akatutupia jicho, akalirudisha haraka sana.

Akarusha. Mtu wa Columbus, maana leo tunacheza na haohao waliomchoka, akaupiga mpira ukapaa, ukapaa, ukaangukia kwa watazamaji. Watu wakarukiana kuugombania, mzee mmoja akaudaka na kofia, akaubusu.

"Mnaona?" nikasema. "Mpira alioushika mwanangu watu wanauvunjia miguu."

"Na ule mwenye gongo anakimbia anaenda wapi?" akauliza Mama Furaha.

"Anamkimbia Hemedi."

(Msiniulize. Mtu alikuwa anazunguka uwanja mzima taratibu, anacheka, anapeana mikono na wenzake. Mie nikaona ni woga.)

Akarusha tena. Ukapigwa tena. Akaja wa tatu, huyo ndiye kabisa, mpira hatukuuona ulikoangukia, nadhani umeingia mtoni. Sisi kila ukipaa ni vigelegele. Mama mmoja Mzungu nyuma yetu akatuangalia kwa huruma, mie nikadhani ni wivu.

Ndipo kocha akatoka kibandani. Mzee wa kitambi, anatembea polepole, mikono mfukoni. Uwanja ukatulia. Wachezaji wenzake Hemedi wakaacha walikokuwa, wakaenda kumzunguka pale juu. Huyu anampiga begani, huyu anamgusa mgongoni. Kocha akanyoosha mkono, Hemedi akamkabidhi mpira. Kocha akampapasa mgongo kwa upole. Na uwanja mzima ukaanza kupiga makofi!

Jamani, nyie mngeelewaje? Nasema kweli, mkubwa mwenyewe ameinuka kitini kwenda kumpa mtoto mkono mbele za watu, wenzake wamemzunguka, watu wanashangilia. Kwetu Tanga hiyo si ndiyo kutawazwa?

"Amebaki!" nikapiga ukelele. "Mwanangu amebaki!" Machozi yakanitoka.

"Bon! Tunangoja nini?" akasema Mama Furaha. "Batu banamupenda mutoto yako, sisi tumeikala!"

Na kweli. Mtu akipewa heshima ya namna hiyo hakanyagi majani. Anatandikiwa kanga. Tukainuka kumi na mmoja, vigelegele vimepasuka, tunafungua kanga za mabegani. Yule kijana wa kigeti kuona wanawake wa sare wanakuja kwa mdundo, hakuuliza jambo. Akafungua! Akatuhimiza kwa mkono, haraka, haraka! Na yule wa muziki naye, sijui alifikiri nini, akaweka ngoma.

Tukatandika, wenzangu. Kutoka kwenye ule mstari mweupe mpaka mlango wa kibanda. HASIDI HANA SABABU, HASIDI HANA SABABU, HASIDI HANA SABABU. Mama Furaha anarudi kinyumenyume anatikisa mabega. Mie natangulia kumpokea bwana harusi wangu.

Hemedi akasimama. Sura yake siisahau mpaka naingia kaburini.

"Mama. Rudi kwenye kiti."

"Pita juu ya kanga, mwanangu, usione haya."

"Mama, wamenitoa."

"Wamekutoa wapi?"

"Kwenye mchezo. Nimeharibu, kila mpira uliopigwa ukaruka nje ni pointi ya Columbus. Mtu akiharibu, kocha anakuja kumnyang'anya mpira."

"Na makofi yale?"

"Wanafurahi naondoka."

Yarabi toba! Mkono wangu mmoja uko hewani na kanga, mdomo umeshajipanga kwa kigelegele. Nacho hakikurudi. Kilitoka, ila kama kilio cha paka. Nikainua macho nikajiona kwenye ile skrini, mkubwa kuliko nyumba yangu, kofia imekaa upande. (Kofia yenyewe ya Buffalo. Leo sikuuliza.)

Kocha naye yuko nyuma yetu na mpira wake, hajui apite wapi. Akanyanyua suruali kidogo, akapita juu ya HASIDI HANA SABABU kwa ncha za viatu. Uwanja ukaangua kicheko, watu wakasimama, simu zote juu.

Mngedhani yameishia hapo. Mrushaji mwingine akawa anakuja mbio kuchukua nafasi ya Hemedi. Mama Furaha, ambaye hakuna aliyemwambia kitu, akampigia kigelegele kirefu, akanigeukia, "Na huyu tumutandikie?"

Nikamshika mkono. Tukakusanya kanga kwa kuinama, kumi na mmoja, matako yote kuelekea skrini. Watu walitupigia makofi mpaka tulipokaa, na safari hii sikujua ni makofi gani.

Mechi ikaisha tumefungwa. Nikamngoja Hemedi kwenye korido ya nje ya ofisi ya kocha. Wenzangu wakakaa mbali kidogo, hakuna anayecheka, hata wale wanaocheka msibani. Hemedi alishanieleza zamani: ukiitwa ofisini wakauacha mlango wazi, unaonywa. Wakiufunga, fungasha.

Akaingia. Mlango ukafungwa.

Nililia pale, siwafichi. Nikajilaumu. Nikasema labda wangemsamehe mipira mitatu, lakini nani anamsamehe mtu aliyeletewa ngoma na mama yake kazini? Mama Furaha akanishika. "Pole, mama. Kosa ni ya sisi wote." Nikazidi kulia, maana kosa lilikuwa la mwalimu, yaani mie.

Akatoka. Hakutoka peke yake, yuko na dada mmoja mwenye tabasamu na kitambulisho shingoni. Nikamtazama Hemedi machoni.

"Wamekuacha?"

"Wameniacha, Mama."

"Ni sababu ya mie?"

"Hapana. Walishaamua baada ya mpira wa pili. Ninyi mlikuwa bado mnasherehekea wa kwanza."

Nikamkumbatia mwanangu. Mrefu vile, akaweka kichwa begani kwangu kama alipokuwa mdogo. Yule dada wa tabasamu anangoja tu, hataki kuondoka. Nikauliza huyu naye anataka nini, au ndiye anayetoza faini?

Hemedi akavuta pumzi. "Huyu ni wa idara ya burudani. Anasema uwanja haujashangilia hivyo tangu msimu uanze. Anauliza kama mnaweza kuja tena Ijumaa."

"Kuja kufanya nini?"

"Kufanya vilevile. Na Ijumaa inayofuata pia." Akatuangalia sote kumi na mmoja na kanga zetu zilizojaa vumbi. "Mimi nimerusha kwa timu tatu, nimezunguka miji hii mpaka bega limelegea, sijawahi kuambiwa njoo na Ijumaa inayofuata. Ninyi mmecheza mara moja."

Nikamwambia yule dada hatuji. Mwanangu mnamfukuza, halafu mie niwachezee? Sisi hatuna njaa ya hivyo! Hemedi ndiye aliyenizuia. "Kubali, Mama. Walau jina letu libaki kwenye timu." Halafu akaanza kucheka. Alicheka mpaka akaegemea ukuta, akachuchumaa, akajifuta macho, na sikujua yale machozi ni ya nini, sikumuuliza.

Sasa hivi tuko sebuleni kwangu. Kina mama wamekaa kwenye kochi lake, yeye amesimama na chungwa mkononi anawafundisha mchezo kuanzia mwanzo. Ana uvumilivu, sikujua. Mama Furaha ameuliza swali lilelile mara nne naye anaeleza upya, na mara ya nne ameelewa. Kazi ya kufundisha watoto ipo pale bustani ya Iroquois, Mama Furaha anamjua anayesimamia, kesho watakwenda kuonana naye. Mie nimekaa nyuma, nimefunga mdomo, mwanafunzi mwema.

Basi, mashoga zangu, atakayecheka acheke leo, Ijumaa mie niko kazini, palepale uwanjani. Somo nimelipata, tena moja tu: kocha akiinuka, wewe kaa.