Nyumba ya Udongo ya Aina ya Pili

Idara ya Makazi Bora ina furaha kuutangazia umma kwamba nyumba za udongo sasa ni za aina mbili. Ya kwanza ni ya umaskini, itabomolewa. Ya pili ni ya falsafa, italindwa. Mimi ni katibu wa kamati iliyoamua hivyo, na chai ya siku ile haikunywewa bure.

Chanzo ni vijana wa mjini waliohamia kijijini kwetu. Waliacha kazi za benki, wakavua viatu, wakajenga vibanda vya udongo, wakawa wanalala jua likizama. Wageni huja kuwapiga picha. Jirani yao, mama yangu mkubwa, anaishi vilevile tangu azaliwe. Huyo ilibidi abomolewe.

Mkurugenzi wa Idara mwenyewe alikuja na tingatinga.

"Mama mkubwa, toa vyombo," nikamwambia.

"Wewe niliyekubeba mgongoni? Nikalale wapi? Mbona wale hamuwavunjii? Hata udongo walichimba kwangu!"

"Wale wamechagua," Mkurugenzi akafafanua. "Wewe umezaliwa humo."

"Na mimi nimechagua."

"Huwezi kuchagua, mama, kama hujapewa nyumba ya matofali ukaikataa. Ndiyo kanuni."

"Basi nipeni niikatae."

Vijana wakatoa simu, maana simu hawakuziacha mjini. Mkurugenzi akiona kamera hajiwezi. Akanyanyua funguo zake juu.

"Mbele ya umma huu, nakupa nyumba yangu ya ghorofa! Unasemaje, mama?"

Akanikonyeza. Nikaanza kuandika kwamba amekataa.

"Choo kiko ndani?" mama mkubwa akauliza.

"Kiko ndani."

"Na maji yanakuja yenyewe?"

"Yenyewe kabisa."

"Ahsante, mwanangu. Nimepokea." Akazichukua funguo, akawaita kuku wake, wakaondoka. Vijana walipiga makofi mpaka simu zikatikisika.

Dereva wa tingatinga akawasha mtambo. "Bosi, nivunje?"

"Zima!" Mkurugenzi akaruka mlangoni na suti yake, mikono kaitanua. "Hii ni ya falsafa! Mimi nimeacha matofali kwa hiari yangu!"

Kamati ilikaa palepale juani, ikakubali kwa kauli moja. Tukamshauri avue viatu.

Mkewe naye alipewa nafasi ya kuchagua. Amebaki ghorofani na mama mkubwa. Anasema huyu angalau hakoromi.